Kurudi Jumatatu

Paa la makumbusho yetu linavuja sehemu kumi na saba. Nimezihesabu mwenyewe, kwa sababu mimi ndiye mpanga ndoo. Mvua ikianza najikokota na magoti yangu haya, ndoo mkono huu, ndoo mkono ule, nazunguka katikati ya mabasi manne ambayo hayajaenda popote kwa miaka na miaka. Wageni wakiniuliza, "Mzee, na wewe ni nani hapa?" nawaambia mimi ni basi la tano. Wanacheka. Mimi sioni cha kuchekesha.

Hapa zamani palikuwa karakana ya mabasi ya mji, na mimi nilikuwa fundi hapahapa. Jina langu ni Spana. Nilibandikwa nikiwa kijana, mwili mwembamba, kichwa kikubwa, na aliyenibandika alikuwa kaka yangu mwenyewe, dereva. Yeye naye walimwita Taratibu, maana abiria walikuwa wakipiga kelele, "Dereva, ongeza mwendo, tunachelewa!" naye anawajibu, "Taratibu, mtafika." Kampuni ilipokufa, manispaa ikaliacha banda na mabasi manne, ikaliita makumbusho. Kaka alikuwa ameshafariki. Nikabaki mimi, akabaki mjane wake, shemeji yangu, anayekata tiketi pale dirishani.

Jumanne ile Meneja alinifuata nikiwa chini ya basi. Meneja wetu ni binti msomi, mpole, akifikiri anatafuna kifuniko cha kalamu mpaka unakihurumia.

"Mzee Spana, toka huko tuongee."

"Kutoka kunachukua muda, mwanangu. Sema tu, nasikia."

Akachuchumaa. Akasema mhandisi wa manispaa amekuja kukagua paa, boriti za upande wa kushoto zimeoza, upande huo unabomolewa. Utakaobaki unatosha mabasi matatu. Moja litakatwa vyuma.

"Lile la ghorofa lazima libaki, liko peke yake," akasema. "Lile dogo la shule linabaki, watoto wanalipenda. Kwa hiyo la tatu kubaki ni 27 au 41. Mimi nimesomea makumbusho, sikusomea mabasi. Wewe ndiye uliyeyalea. Ijumaa mchana napeleka barua. Utakachosema ndicho nitakachoandika."

Nikamwambia anipe siku mbili nifikirie. Siku mbili za nini, na mimi nilikuwa nafikiria jambo hilohilo miaka thelathini na moja?

27 na 41 ni mabasi ya aina moja, yale ya pua ndefu, injini mbele, boneti unaifunua kama mfuniko wa sanduku. 27 tuliliita Bwana Harusi, kwa sababu kila sherehe ya mji lilioshwa likapelekwa. Picha yake iko ukutani pale mlangoni, linavuka daraja jipya siku ya uzinduzi, maua mpaka kwenye vioo. 41 liliitwa Bi Mkubwa. Lilinguruma, lilitikisika, na pembe yake ya kulia ya mbele imebonyea mpaka leo, haikunyooshwa. Hilo ndilo basi alilokuwa akiendesha kaka.

Kila asubuhi, kabla hajafungua dirisha la tiketi, shemeji hupanda Bi Mkubwa na kitambaa chenye maji, anafuta kiti cha dereva, halafu anakaa kiti cha abiria cha nyuma yake. Dakika tano, kumi. Hakuna anayemsumbua. Mimi nilikuwa nadhani anamwombea marehemu.

Jumatano aliniletea chai kwenye kikombe cha bati, jambo ambalo si kawaida yake.

"Shemeji, kaa kwanza."

"Nikikaa sitainuka."

"Basi simama, mbishi wewe. Nasikia Ijumaa."

"Ndiyo."

"Utasema lipi?"

"Bado nafikiri."

"Wewe? Umeanza lini kufikiri?" Alitabasamu kidogo, halafu tabasamu likaisha. "Sijawahi kukuomba kitu. Watoto niliwalea mwenyewe, ada nilihangaika mwenyewe. Leo nakuomba. Sema 41."

Nikamuuliza basi lile lina nini cha kupendwa, si ndilo lililomharibia mume wake kazi? Nilijua nauliza ujinga. Nilitaka tu kusikia mtu mwingine akiongea.

"Sikai mle kwa sababu nalipenda," akasema. "Nakaa kumuuliza. Kila siku namuuliza, kwa nini hukuangalia breki? Mtu mwangalifu kama wewe, unahesabu mpaka vijiti vya kiberiti, siku ile ulikuwa na nini? Hajanijibu. Lakini wakilikata, nitamuulizia wapi?"

Nikainywa ile chai yote ikiwa bado inachoma. La kumjibu nilikuwa nalo. 

Sasa nieleze kuazima, maana bila hilo hutanielewa. Siku zile vipuri havikupatikana. Basi likikosa kitu, fundi alikwenda kwenye basi jingine, akakitoa, akakitia kwenye lile lenye haraka. Hatukuita kuiba. Tuliita kuazima, na kuazima kulikuwa na sheria zake. Ukishatoa kitu, unachukua brashi na ile rangi nyeupe ya kuandikia namba, unaandika ndani ya boneti ya basi uliloazima: kitu gani, kimekwenda basi gani, kitarudi lini, na jina lako. Asubuhi dereva anafunua boneti kutazama maji, anasoma, anajua basi lake limepungukiwa nini. Kitu kikirudi, fundi haruhusiwi kugusa yale maandishi. Dereva ndiye anayekata, mstari mmoja wa rangi juu yake, baada ya kujaribu mwenyewe na kuridhika. Fundi kujikatia mstari wake ilikuwa aibu kuliko kulewa kazini.

Daraja lilikuwa linazinduliwa Jumapili, na mgeni rasmi alikuwa avuke ndani ya 27. Jumamosi mchana pampu ya breki ya 27 ikafa. Ile pampu ndiyo inayosukuma mafuta kwenda kwenye magurudumu dereva akikanyaga. Bila hiyo unakanyaga hewa. Stoo hakuna kitu. Pampu mpya mji mzima ilikuwa moja, nami nilikuwa nimeifunga wiki mbili kabla kwenye 41.

Nikaitoa. Ile mbovu ya 27 nikaifungua, nikaisafisha, nikageuza mipira yake ya ndani, nikaifunga kwenye 41. Nikakanyaga, nikaona inashika. Mafundi wengine walikuwa wameshaondoka. Kaka alikuwa amesimama pembeni anakula karanga.

"Hii kuukuu itavumilia?" akaniuliza.

"Siku mbili tu, kaka. Jumatatu nakurudishia."

Nikaandika mbele yake, herufi kubwa, na chini nikatia Spana. Akasoma. Akasema, "Sawa, mdogo wangu," akanimiminia karanga zilizobaki mkononi.

Jumatatu mimi nilikuwa mtu mkubwa. Mgeni rasmi alikuwa amenipa mkono, amesema basi limetulia kama kitanda. Kichwa kilinivimba. Mkubwa wa karakana akaamuru 27 lizungushe wageni wiki nzima, na mimi sikufungua mdomo kusema pampu si yake. Jumanne kaka akaniuliza, "Spana, pampu?" Nikasema kesho, kaka. Jumatano nikasema kesho. Alhamisi, kwenye mteremko wa kushukia sokoni, kaka alikanyaga breki, kanyagio likaenda mpaka chini.

Hakufa mtu, kwa sababu alilikwepa soko zima na kuligongesha basi kwenye ukuta wa ghala. Lakini watu kumi na mmoja waliumia, na fundi cherehani mmoja alikatwa mkono wa kulia.

Basi lilipovutwa kurudi karakana, nilifika wa kwanza. Nikafunua boneti, nikachota grisi kwa kiganja, nikayapaka maandishi yangu mpaka pakawa peusi tii. Nimeishi na kiganja hicho mpaka leo. Wakaguzi walikuwa watu wa ofisini. Waliona pampu inavuja, hawakuona kingine. Wakamwita kaka.

"Ulikagua breki asubuhi?"

"Nilikagua."

"Kwa hiyo ulikagua vibaya."

Nilikuwa nimekaa kwenye benchi, nafasi tatu kutoka kwake. Akanitazama. Akaangalia dirishani. Hakuongeza neno. Wakaandika uzembe, wakamfukuza. Mtu anaitwa Taratibu, wanaandika uzembe!

Aliishi miaka sita baada ya pale, analinda geti la watu. Hakuniuliza kitu, hakumwambia mtu. Mara moja tu, yuko kitandani, kifua kimeshamshinda, nilikuwa namwekea mto vizuri, akasema, "Jumatatu ilipita, Spana." Hakuwa na hasira. Hilo ndilo lililonimaliza, kwamba hakuwa na hasira.

Basi, Alhamisi nilikwenda kwa Meneja. Usiku wote nilikuwa nimejiambia nitasema 41. Nikafika, nikaona kile kikalamu kilichotafunwa, nikawaza: 41 likibaki watalisafisha, watafunua boneti, watatoa grisi. Likikatwa, limekwenda na mimi nimepumzika. Mwenzenu nilikuwa nimechoka. Mdomo ukasema wenyewe:

"27. Lina picha, lina daraja. 41 ni chuma tu."

Akaandika. Akaniambia asante, mzee. Nikatoka nikakaa kwenye ngazi ya basi la ghorofa, na kule kupumzika nilikokuwa nikikungoja hakukuja.

Shemeji aliambiwa jioni ile. Sikumwona akilia. Ijumaa asubuhi alikuja na ndoo, sabuni, matambara na chupa ya mafuta ya taa, kanga kaifunga kiunoni.

"Nitalifua," akasema. "Haliendi kukatwa chafu. Na wewe utanifungulia kile kiti cha dereva, nikiweke nyumbani."

"Sawa."

"Sitakuuliza kwa nini, shemeji. Nimeshachoka kuuliza wanaume wa ukoo wenu."

Akaanza na vioo. Akaja kwenye viti, kimoja kimoja. Mimi nilikuwa ndani napambana na nati za kiti, zimeshika kutu. Kila nati nikiifungua naona kama naziba kaburi. Nikatupa spana chini. Yeye alikuwa ameshafika mbele, anapiga boneti kwa kiganja.

"Njoo unifunulie na hapa, mimi siwezi."

Ningeweza kusema imekwama. Mwanamke wa watu angeamini. Vitu vyote mle vimekwama. Nikashuka. Nikaifunua, nikaitegemeza kwa fimbo yake. Nikachukua tambara, nikalilowesha mafuta ya taa, nikampa.

"Futa pale juu," nikamwambia. "Pale penye grisi nyingi."

"Grisi ya nini huku juu?"

"Futa tu."

Grisi kumbe ni mtunzaji mzuri. Ilitoka kwa mafungu, na chini yake rangi ilikuwa nyeupe utadhani nimeandika jana. Akasoma kwa sauti, polepole, kidole kikifuata herufi, kama anavyosoma barua.

"Pampu ya breki imeazimwa kwenda 27. Kurudi Jumatatu. Spana."

Akashusha kidole. Maji ya sabuni yalikuwa yanadondoka kutoka kwenye mkono wake mwingine.

"Spana ni wewe."

"Ni mimi."

"Na 27 ni lile pale."

"Ndilo."

"Jumatatu ipi hii?"

Nikamwambia. Nilimwambia yote, na karanga nikamwambia, na benchi, na ile siku ya mto. Sikujitetea. Sijui kama niliongea dakika mbili au nusu saa. Nilipomaliza alikuwa amekalia bampa, mikono mapajani.

"Miaka sita," akasema, "nimelala na mume wangu nimempa mgongo. Nilimwita mzembe mbele ya watoto wake. Yule fundi cherehani alikuja nyumbani siku moja, mkono wa shati umekunjwa na pini, nikamwambia kaka yako, toka wewe ukamkabili, wewe uliyemkata mkono. Na akatoka! Akamwomba radhi yule mtu, mimi nasikiliza mlangoni naona bora ateseke." Akajifuta uso kwa bega. "Na wewe ulikuwa unakuja kula kwangu kila Jumapili. Unasema chumvi imekolea."

"Nisamehe, shemeji."

"Usinitwishe hiyo sasa hivi. Kwa nini hukuliacha likakatwe? Ulikuwa umeshashinda."

"Nimechoka."

"Umechoka." Alilirudia lile neno kama mtu aliyeng'ata jiwe kwenye wali. "Wewe ndiye uliyechoka?"

Meneja alikuja kutuita chai, akayaona maandishi kabla hajatuona sisi. Akasogea mpaka pua ikagusa boneti. "Mungu wangu, hii ni nini? Nani kaandika? Ni desturi yenu? Mbona hamkuniambia?" Furaha yake ilinikata maini. Shemeji akanyoosha kidole kwangu.

"Mwambie na yeye. Ulivyoniambia mimi."

Nikasema tena. Mara ya pili ni mbaya zaidi, kwa sababu unasikia unachosema. Binti alitoa kalamu mdomoni, akaitia mfukoni. Halafu akaenda ofisini, akarudi na ile barua, akaichana mbele yetu.

"Hili halikatwi," akasema. "Litakwenda 27." Akanigeukia, sauti ndogo. "Mzee, kwenye maelezo ya wageni nitaweka fundi mmoja. Si lazima niandike nani."

"Jina limeshaandikwa," shemeji akasema. "Herufi kubwa."

Akachukua ndoo yake. Hakunitazama.

"Na ile pampu bado iko kwenye 27?"

"Ipo. Halijafunguliwa tangu listaafishwe."

"Rudisha."

Basi limesimama miaka yote hii, halitaendeshwa tena na mtu yeyote, na mimi naambiwa nirudishe pampu. Sikubisha. Ilinichukua siku nne. Nililala chini ya Bwana Harusi nikipigana na boliti moja kutwa nzima, kutu inaniingia machoni, magoti yanalia. Nikaitoa, nikaifungua, nikatafuta mipira mipya kwa rafiki wa rafiki. Nikahamia chini ya Bi Mkubwa. Mabomba, mafuta, kutoa hewa gurudumu moja baada ya jingine. Hakuna aliyenisaidia, na sikuomba. Shemeji aliendelea kukata tiketi zake. Tulikuwa tunasalimiana, habari, nzuri, basi.

Nilimaliza siku ya nne asubuhi. Haikunipitia akilini ni siku gani mpaka nilipoikuta kalenda ya dirishani kwake. Jumatatu. Sikulisema. Nilimwambia tu tayari.

Alipanda, akakaa kiti cha dereva kwa mara ya kwanza. Miaka yote alikuwa akikifuta tu. Miguu yake haikufika vizuri, akasogea mbele, akakanyaga. Nilikuwa nje kwenye gurudumu, nikasikia breki zinashika. Akakanyaga tena, na tena, kwa nguvu, kama anataka kulitoboa lile basi. Kisha akaacha. Alikuwa anatazama mbele, kwenye ukuta wa banda, akasema kwa sauti ya kawaida kabisa:

"Nisamehe, baba watoto. Ulikagua."

Akashuka. Boneti ilikuwa wazi. Nilikuwa nimeandaa kopo dogo la rangi nyeupe na brashi. Nikaandika chini ya maneno yangu ya zamani: Imerudi, na tarehe. Halafu nikampa brashi. Nilitaka akate. Sitadanganya, siku zote nne nilizolala chini ya yale mabasi nilikuwa nauwazia huo mstari mmoja.

Aliishika brashi muda mrefu, rangi ikamdondokea kwenye kiatu. Akainua mkono mpaka kwenye herufi ya kwanza. Halafu akaushusha, akaizamisha brashi kwenye kopo, akalifunga kopo kwa kifuniko chake, akakikandamiza vizuri kwa kiganja.

"Mimi nilikuwa mke," akasema. "Sikuwa dereva."

Siku hizi boneti ya Bi Mkubwa inakaa wazi, na wageni wanapangwa mbele yake. Shemeji ndiye anayewaeleza, Meneja alimwomba. Anaeleza kuazima kulikuwaje, anawasomea maandishi, anasema aliyeandika ni yule mzee pale mwenye ndoo, na mzee anainua mkono. Kila mara hutokea mmoja mwerevu anayeuliza: kama pampu imerudi, mbona maandishi hayajakatwa?

"Dereva hajaja," anamjibu, na anawapeleka kwenye basi la ghorofa.